Vitabu Viwili Ninavyokupa, Kendi

Kendi mwanangu,

Umetoka saa nne kwenda Meru mjini kusukwa nywele na kuagana na wenzako wa wodi, ukasema utarudi kabla ya chakula cha jioni. Nyumba imenyamaza. Nimeketi kwenye meza upande ule aliokuwa akikaa mama yako, kwa sababu upande wangu umejaa nguo zako. Kesho asubuhi mjomba wako atakuja na gari kukupeleka Nairobi, na baada ya hapo sijui vizuri hesabu ya masaa, ila najua utateremka Oklahoma na kuanza kazi katika hospitali ambayo nimeiona kwenye simu yako tu.

Sitakuandikia habari za sweta wala mahali pa kuweka pasipoti. Shangazi yako hajaacha kukuambia hayo tangu Jumapili, na ameyajua bila hata kupanda ndege. Yangu ni mengine. Nimejaribu kuyasema kwa mdomo wiki nzima nikashindwa. Jana tulipokuwa tunachuma kahawa nilikuita, ukageuka, nikakuambia uangalie usikanyage matandazo. Hayo siyo niliyotaka kusema.

Juu ya begi lako dogo utakuta vitabu viwili. Nataka uvisome, vyote viwili, na nataka ujue kwa nini nakupa hivyo na si vingine.

Cha kwanza ni kile cha visa vya wagonjwa. Unakijua. Nilikinunua nilipokuwa chuo cha utabibu, kikiwa kimeshatumiwa na watu wawili kabla yangu. Jalada lake lilitoka zamani, mama yako akakishonea jingine kwa kitambaa cha pazia. Ulipokuwa mdogo uliniomba nikusomee "hadithi za wagonjwa", nami nilikusomea nikiruka yale ya kutisha. Kila kisa huanza na mtu anayeingia mlangoni: mwashi mwenye kikohozi, mpishi wa shule anayeumwa na kichwa. Anasema kinachomsumbua. Zinafuata dalili, vinafuata vipimo, na ukifungua ukurasa unaofuata unakutana na jibu.

Mimi nilikisoma vibaya. Nilianza na jibu, kisha nikarudi juu kuangalia jinsi lilivyokuwa wazi tangu mwanzo. Ukisoma hivyo unajiona hodari. Hakuna mgonjwa anayekushinda. Nilifaulu mitihani kwa kusoma hivyo, nikaenda kazini nikiamini kwamba jibu ninalo mimi, na mgonjwa anakuja tu kulichukua.

Zahanati niliyopewa ilikuwa kule chini Mbeere, kwenye joto, mahali ambapo mto ni mchanga mtupu miezi mingi ya mwaka. Mimi Mmeru wa huku juu kwenye baridi nilipelekwa bila kuulizwa. Tulikuwa wawili tu wenye mafunzo: mimi, na nesi mmoja mwenyeji wa pale. Nesi huyo ndiye mama yako, na hiyo sehemu ya hadithi unaijua kwa sababu yeye alipenda kuisimulia. Sehemu nitakayokueleza sasa hakuwahi kuisimulia, kwa heshima yangu.

Ulikuwa na miaka miwili. Sikukijua Kimbeere sawasawa, ingawa kinafanana na Kimeru kiasi kwamba nilijidanganya nakijua. Wazee na watu wa mbali walipokuja, mama yako alisimama kando ya meza yangu akinitafsiria kwa Kiswahili, nami naandika. Foleni ilikuwa ndefu. Niliandika bila kuinua kichwa. Nilijivunia hilo, kwamba nilikuwa mwepesi.

Akaja mtu mmoja mfugaji. Nitamwita Njiru, ingawa si jina lake. Alikuwa na umri kama wa miaka arobaini, mrefu, mwenye mikono mikubwa. Alikuwa na homa, anatoka jasho usiku, mwili unamuuma wote. Mvua ilikuwa imenyesha na mbu walikuwa wengi. Nikaandika malaria, nikampa dawa, akaenda.

Baada ya wiki tatu alirudi na mkewe. Homa ilikuwa imekwenda ikarudi. Sasa mgongo pia. Alieleza kwa muda mrefu kuliko nilivyopenda, na mama yako akawa anasikiliza huku akitikisa kichwa.

"Anasema nini?" nikamuuliza.

"Anasema homa ilianza wakati mbuzi walipoanza kutupa mimba," mama yako akasema. "Mbuzi wake wengi wametupa mimba mwaka huu. Anasema amekuwa akiwasaidia kwa mikono yake, na..."

"Mwambie mimi si daktari wa mifugo."

"Lakini anasema..." mama yako akaanza.

"Mwambie," nikasema, bado naandika.

Akamwambia. Nilisikia mkewe Njiru akicheka kidogo, kicheko cha mtu aliyeona haya. Nikampa dawa nyingine ya malaria, ile kali zaidi.

Wewe umesomea kazi hii vizuri kuliko mimi, kwa hiyo najua umeshajua. Najua umelijua ulipofika kwenye neno "mbuzi". Ni bruselosi. Ugonjwa unaofanya mbuzi watupe mimba na kumwingia mtu anayewashika, au anayekunywa maziwa yao mabichi. Yule mtu alikuwa amenibebea jibu lote kutoka nyumbani kwake, mwendo wa saa mbili kwa miguu, akaniwekea mezani. Nikamrudishia.

Alikuja mara ya tatu, nikamdunga sindano za taifodi. Mara ya nne alikuja akiegemea fimbo. Siku hiyo nilikuwa nimechoka na nilikuwa nimekasirishwa na mambo mengine, na nikamwambia kwamba hamalizi dawa, kwamba watu kama yeye ndio wanaofanya dawa ziishe nguvu. Niliyasema hayo kwa Kiswahili, na mama yako akayageuza, na nadhani aliyapunguza makali njiani. Njiru alinitazama. Aliondoka polepole, na hakurudi tena kwangu.

Miezi kadhaa baadaye ikaja barua kutoka hospitali kubwa. Ndugu zake walikuwa wamemchukua na kumpeleka huko akiwa hawezi kusimama. Daktari aliyemwona, mtu mwenye mwandiko mzuri, alikuwa ameandika yote: ugonjwa ulivyoingia kwenye pingili za mgongo, ukabana neva, na kwamba angeishi lakini miguu haingerudi kuwa kama zamani. Chini kabisa alikuwa ameandika, bila matusi yoyote, kwamba mgonjwa alisema alitaja habari za mbuzi mapema.

Barua zilipita kwa mama yako kwanza. Aliiweka mbele yangu akasimama.

"Soma."

Nikasoma.

"Unamkumbuka?"

"Wagonjwa ni wengi," nikasema.

"Mimi namkumbuka," mama yako akasema. "Ni mimi niliyemwambia yale maneno. Kwa kinywa changu, kwa lugha ya kwetu."

Alirudi kwenye chumba cha sindano akaendelea na kazi. Ningependa kukuambia kwamba nilitoka nikaenda kumwona Njiru jioni ileile. Niliitia barua kwenye faili, nikaifungia faili kabatini, na mwezi uliofuata nikaandika kuomba uhamisho. Kabla mwaka haujaisha tulikuwa tumehamia huku Nkubu. Niliwaambia watu, na hata wewe ulipokua nilikuambia, kwamba tulihama ili usome shule nzuri. Umeishi ukidhani mama yako aliacha watu wake kwa ajili yako. Alitoka kwao kwa sababu yangu, kwa sababu nilishindwa kupita barabara moja.

Kila Krismasi tulipoteremka kwa akina mama yako, aliniambia jambo moja tu, nikiwa natoa mizigo garini. "Kwa Njiru si mbali." Nami kila mwaka nilipata sababu. Mara gari lina shida. Mara mvua. Mara wewe una mafua. Hakubishana. Aliniambia mwaka baada ya mwaka kwa sauti ileile, kama mtu anayemkumbusha mwenziwe kumeza dawa, na akaugua, na ile Krismasi ya mwisho hakuniambia, nikashukuru.

Tulipomzika ulikuwa kidato cha tatu. Ulirudi shuleni, nami nikabaki na nyumba hii. Hukuniona siku hizo. Nilikuwa nikipika chakula cha watu watatu kwa mazoea, halafu nakaa nakitazama. Hakuna aliyeniambia tena niende kwa Njiru, na ndipo nikaona kwamba siwezi kukaa.

Nilimkuta Njiru nyuma ya nyumba yake, ameketi kwenye kiti cha kamba, anachambua muguka, yale majani ya kutafuna, na kuyafunga mafungu. Miguu yake ilikuwa myembamba chini ya blanketi. Mikono ilikuwa bado mikubwa. Alinijua kabla sijasema jina.

"Daktari," akasema. "Umezeeka."

Kufikia wakati huo nilikuwa nimejifunza Kimbeere kwa mama yako, miaka yote ile, na nikamwambia nilichokuja kusema. Nilimwambia kwamba alinieleza ugonjwa wake mwenyewe na sikumsikiliza, kwamba barua ilikuja nikaificha, kwamba nilikimbia. Nilikuwa nimeyapanga maneno njiani nikiendesha, na yaliisha haraka sana.

Aliendelea kufunga muguka.

"Ulidhani sikujua?" akasema. "Nilijua siku ileile. Ulikuwa unaandika tu. Nikamwambia mke wangu, huyu mtu anaongea na karatasi."

"Ndiyo," nikasema.

"Umeniletea nini?"

"Sina kitu. Nimekuja tu kusema."

"Mimi sitaki useme," akasema. "Nilikuja kwako na habari, ukanikata katikati. Nimekaa nayo miaka kumi na mitano. Keti."

Niliketi kwenye jiwe. Naye akaanza na mbuzi wa kwanza, Kendi. Alikuwa jike jeusi lenye doa begani, alilonunua kwa jirani aliyekuwa anahama. Akanieleza lilivyofika, lilivyotupa mimba yake ya kwanza karibu na kisima, alivyolihurumia akalifunika na koti lake. Akaja wa pili, na wa tatu. Alikumbuka rangi zao. Akanieleza homa ilivyoanza akiwa ameshika kichanga cha mbuzi kilichokufa, na alivyomwambia mkewe asubuhi, hiki ninachoumwa kinatoka kwa mbuzi hawa. Akanieleza walivyotoka nyumbani kuja zahanati, walivyopumzika njiani, mkewe alivyomwambia amwambie daktari yote asiache kitu. Alieleza mpaka jua likazunguka nyumba likatupata. Sikuandika chochote. Mkewe alituletea uji, akasimama akisikiliza kidogo, akarudi ndani.

Alipomaliza alichukua fungu jingine la muguka.

"Sasa umesikia," akasema. "Enda nyumbani."

Hakusema amenisamehe, na sikumuuliza. Nilirudi kumtembelea mara nyingine kadhaa mpaka alipofariki. Tuliongea habari za mvua na za watoto wake. Ile habari ya mbuzi hakuirudia hata mara moja.

Kisa chake nimekiandika kwa mkono kwenye zile kurasa tupu za mwisho wa kitabu. Nimekiandika kama alivyokisimulia yeye, kuanzia lile jike jeusi, na sikuandika jibu mahali popote. Ndicho kisa pekee katika kitabu kile ninachokijua vizuri. Ukifika huko, wodini kwenu, utakuwa na mashine ambazo sijawahi kuziona. Sina la kukufundisha juu ya mashine.

Kitabu cha pili kimenichukua miezi minne kukipata.

Unakumbuka siku uliyoniambia kwamba hospitali yako mpya inahudumia Wacherokee wengi? Nilikuuliza ni watu gani. Ukasema, "Si ni wale Wahindi Wekundu, baba? Wale wa sinema, wenye manyoya kichwani." Ukacheka, nami nikacheka. Baadaye nikakaa nikifikiria. Mtoto wangu anakwenda kuwashika watu mwilini, kuwageuza kitandani, kuwafumba macho wakifa, na yeye na baba yake hawajui lolote juu yao ila manyoya.

Basi nilikwenda kwa yule mama anayeuza vitabu vya mitumba karibu na soko la Gakoromone, nikamwambia natafuta historia ya watu hao. Alinipigia simu baada ya wiki mbili. "Mzee, kitabu chako cha Wahindi kimepatikana." Nilishuka na gari la asubuhi. Kilikuwa kitabu cha Wahindi wa India na reli yao. Nilikinunua kwa kuona haya kumvunja moyo, kiko pale kabatini. Nikamweleza upya, akaandika jina kwenye kiganja cha mkono. Mwezi uliopita kikaja chenyewe, na mhuri wa maktaba ya huko Marekani ndani yake. Kimesafiri kutoka kwao mpaka sokoni Meru, na kesho unakirudisha.

Nimekisoma mara mbili. Sikutaka kukuambia, nilikuwa nasoma ukiwa kazini. Nakuonya kwamba utasoma polepole. Hawakuwa wale wa sinema. Walikuwa wakulima wa mahindi kwenye milima yao, wenye nyumba, serikali, mahakama na gazeti. Alitokea kwao mtu mmoja asiyejua kusoma lugha yoyote, akakaa miaka akitunga alama za kuandikia lugha yao, mpaka wenzake wakadhani ameingiwa na wazimu. Mtu wa kwanza kufundishwa naye alama hizo alikuwa binti yake mdogo. Ilikuwa baba na binti tu, wakiandikiana, kabla mtu mwingine yeyote hajaamini. Nimerudia ukurasa huo zaidi ya kurasa zote.

Halafu ardhi yao ikatakiwa na wengine. Walikwenda mahakamani, hata kwenye mahakama kuu ya nchi ile wakashinda, na bado askari wakaja. Waliwatoa majumbani, wengine wakiwa mezani, wakawatembeza mpaka huko unakokwenda, wakati wa baridi, na wengi sana wakafa njiani, wazee na watoto kwanza. Mama yangu mzazi alihamishwa kwa bunduki wakati wa Hali ya Hatari ya Waingereza, akatiwa kwenye kijiji cha kufungiwa kilichozungushiwa mtaro. Maisha yake yote alizungumza habari ya chungu cha maharagwe ya njahi alichokiacha motoni. Sikuelewa kwa nini chungu. Nimeelewa nikiwa mzee, kwa kusoma habari za watu wa ng'ambo.

Lakini usisome ukaishia njiani walikofia. Walifika, wakajenga tena. Wana serikali yao mpaka leo na hospitali zao, na wewe wamekuita kazini. Usiende kwao ukiwa umebeba huruma. Nenda kama mgeni aliyejisumbua kujua jina la mwenye nyumba.

Kuna sura moja kuelekea mwisho ambayo ilinifanya nifunge kitabu nikatoka nje, nikaenda nikasimama kwenye migomba. Inaeleza watoto wao walivyopelekwa shule za bweni na kuadhibiwa kwa kusema lugha ya kwao. Nilipokuwa darasa la tatu, kulikuwa na kipande cha mbao chenye uzi. Aliyesikika akisema Kimeru alivishwa shingoni, akakaa nacho mpaka amsikie mwenzake naye amvishe. Nilikivaa mara nyingi. Wakati mmoja nilikivaa mpaka nyumbani, mama yangu akaniuliza ni nini, nikashindwa kumjibu kwa sababu lugha pekee aliyoijua ndiyo niliyokatazwa.

Mtu aliyepitia hayo ungedhani angejua. Ulipozaliwa mama yako alitaka uongee Kimbeere, nami nikakataa. Nikasema hata Kimeru usiongee, uongee Kiingereza, na Kiswahili cha kutumia na watu, ili usipate shida niliyopata. Mama yako alipojisahau akakuimbia kwa lugha yake, nilimkazia macho. Sikukuvisha mbao. Nilitumia macho tu, na yalitosha. Mama yako akaacha.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo kwa kweli ndilo lililonikalisha hapa.

Mwaka ule cucu wako, mama ya mama yako, alipolazwa, ulikuwa mwanafunzi wa uuguzi mwaka wa pili. Ulikuja na sare yako. Ulimgeuza, ukamfuta mdomo kwa kitambaa cha maji ya vuguvugu, ukamtengenezea mto. Manesi wa pale walisimama wakikutazama. Cucu akakushika mkono akaanza kusema. Alisema maneno mengi, kwa pumzi fupi, huku akikutazama wewe. Ukaniuliza, "Baba, anasema nini?"

Nikakuambia, "Anakubariki."

Ulilia. Ulimbusu kwenye paji la uso. Na nimekusikia mara nyingi tangu siku hiyo ukiwaambia watu kwamba cucu alikubariki kabla ya kufa. Ulisema hivyo hata juzi kanisani, watu walipokuombea safari.

Hakutaja baraka, Kendi. Cucu wako alisema hivi, na nimeyabeba neno kwa neno: "Miaka yote nilidhani mtoto huyu ananidharau. Anakuja, anasalimu, anakaa, anatabasamu, anaenda. Nikasema moyoni, kumbe sisi wa huku chini si watu kwake. Leo amenifuta mdomo, nimeona kwamba ananipenda, ila hana maneno. Muulize ni nani aliyemnyima maneno."

Ulikuwa unanitazama ukingoja. Yeye naye ananitazama akingoja. Alijua jibu, nadhani, kwa sababu macho yake hayakukuuliza wewe. Nikakuambia anakubariki. Nikamgeukia yeye nikamwambia, "Anasema asante, cucu." Akafumba macho. Alifariki Alhamisi.

Ni mimi niliyekunyima. Nilipaswa kulisema pale kitandani, kwa lugha zote mbili, na lingekuwa sentensi fupi. Huenda utanikasirikia, na utakuwa umefika mbali ambapo siwezi kukuona ukikasirika. Nimelifikiria hilo. Nimeona afadhali ukasirike ukiwa na maneno yake kuliko ufurahi na yangu.

Nasikia lango. Umerudi, na unaongea na mtu kwenye simu, unacheka. Nitaitia barua hii katikati ya kitabu cha pili, kwenye ule ukurasa wa yule mtu na binti yake, ili uikute ukiwa umeshafika na huna namna ya kugeuka.

Ukipiga simu Jumapili ya kwanza, nitakusalimu kwa Kimbeere, kama alivyokuwa akikusalimu cucu wako. Hutaelewa. Usikate simu. Nitarudia polepole, mara zote utakazotaka, mpaka uweze kuitikia.

Ni mimi,
Baba yako